Ubeti wa Mwisho wa Bi Swaumu

Muhsin Semboja alikuwa amefika kwenye daftari la tisa kalamu nyekundu ilipoanza kukwama. Akaikung'uta, akachora viduara pembeni mwa gazeti la zamani mpaka wino ukatoka, akaendelea. Mbele yake wanafunzi kumi na wanne wa darasa la uandishi la Jumamosi walikuwa wameinama, kila mmoja akiandika ukurasa kuhusu mikono ya mtu anayemfahamu. Hilo ndilo lilikuwa zoezi la siku. Yeye aliutumia muda huo kusahihisha zoezi la wiki iliyopita kwa utaratibu wake wa miaka yote: kusoma mara moja bila kalamu, kusoma mara ya pili na kalamu, kisha kuandika neno moja la sifa kabla ya neno lolote la kosa.

Daftari la tisa lilimfanya avunje utaratibu huo.

Lilikuwa la Shamsia, binti wa Sindeni aliyekuwa akiishi kwa shangazi yake hapo Korogwe na kujifunza ushonaji. Kila Jumamosi alikuja na mkasi kwenye mkoba, akakaa karibu na mlango, akaondoka bila kusema neno. Zoezi lilikuwa jepesi: rudi nyumbani, kaa karibu na mtu anayefanya kazi, andika anachosema, usibadilishe kitu. Juu ya ukurasa Shamsia alikuwa ameandika, "Bibi yangu akipalilia." Chini yake:

*Kaenda kukata mkonge, kaniachia jembe,*
*jembe halina maneno, haliulizi nimekula nini.*
*Nimelilima la kwake, nimelilima la kwangu,*
*akirudi ataniuliza mpaka uko wapi.*

Muhsin hakuendelea. Mistari hiyo aliijua kama jina lake. Ilikuwa mwanzo wa shairi lake la "Ngwe", lililoshinda shindano miaka ishirini na miwili iliyopita, likaingia kwenye kitabu cha sekondari, likawa linasomwa redioni kila msimu wa kilimo. Baada yake alichapisha vitabu vitatu vya mashairi. Mtu akikutana naye stendi hakuvitaja vitabu hivyo. Alisema, "Wewe si ndiye wa Ngwe?"

Akapiga mstari mwekundu ukurasa mzima, kutoka kona hadi kona.

"Shamsia," akaita. "Simama."

Kalamu zote zikatulia.

"Hili shairi unajua ni la nani?"

"Najua, mwalimu. Ni lako. Tulilisoma kidato cha pili."

"Na mimi niliagiza nini?"

"Tuandike mtu anachosema." Alikuwa ameshika ukingo wa meza. "Ndivyo alivyoimba, mwalimu. Uliagiza tusibadilishe."

Ernesti, kiongozi wa darasa, kijana mwenye ulimi mwepesi, akasema bila kuinua kichwa, "Bibi yake anasikiliza redio kutuzidi sisi." Darasa likacheka. Mwingine akadakia, "Mwambie aje yeye, wewe baki nyumbani." Wakacheka tena, na Muhsin hakuwanyamazisha. Baadaye, alipokuwa akiyapanga mambo ya siku ile moja moja, hilo lilimuuma kuliko mstari mwekundu. Yeye ndiye aliyewafundisha kwamba humo ndani hachekwi mtu.

"Labda kweli alilisikia redioni," Shamsia akasema kwa sauti iliyokuwa ikipungua. "Nisamehe, mwalimu. Sikujua kwamba ni wizi."

"Sasa umejua. Kwenye kijitabu cha darasa tutakachochapisha hutakuwemo. Kaa."

Akakaa. Hakuandika kitu tena. Saa sita walipotawanyika, aliweka mkasi wake kwenye mkoba na kuondoka wa kwanza.

Muhsin alibaki peke yake kwenye chumba kile kilichokuwa stoo ya ushirika. Alitaka kuandika alama kwenye daftari ili amalize, na kwa mazoea tu akageuza ukurasa kuona kama kuna kitu nyuma. Kulikuwa na ubeti wa pili, ule wa mtoto anayelazwa kwenye ngwe na kusogezwa mstari kwa mstari, hata watakapofika mwisho wa shamba atakuwa anatembea. Huo nao ulikuwa kwenye kitabu. Chini yake kulikuwa na ubeti wa tatu, ambao kwenye kitabu haukuwemo:

*Ukiulizwa kaimba nani, sema Swaumu wa Sindeni,*
*kaimba mgongo umeinama, jua likimchoma kisogoni.*
*Ukiubeba wimbo wangu, nibebe na mimi.*

Akafunga daftari. Akalifungua tena. Uso ulimwaka moto kama mtu aliyefunguliwa mlango akiwa bafuni.

Haikuwa kwamba amesahau. Mtu hasahau kitu alichokikata kwa mkono wake. Alikuwa na miaka ishirini na minne, mwalimu mpya wa shule ya msingi, na kituo chake cha kwanza kilikuwa Sindeni. Chumba alichopanga kilikuwa na dirisha lililotazama shamba la Bi Swaumu. Kundi la wanawake saba lilikuwa likilimiana, leo kwa huyu, kesho kwa yule, na kazi yao ilikwenda kwa nyimbo. Waliimba Kiswahili ili kila mtu aitikie, maana walikuwamo Wazigua, Msambaa mmoja na Mmaasai mmoja. Kila aliyetunga wimbo aliweka jina lake kwenye ubeti wa mwisho. Ukiuchukua wimbo wa mwenzio na kuuimba shamba jingine, sharti jina lake liende nao. Ukiliangusha, unatozwa ngwe: unapewa kipande cha shamba la mwenye wimbo, unakilima peke yako huku ukiuimba ubeti uliouacha. Muhsin alikuwa amekwisha kumwona mwanamke akitozwa hivyo, wenzake wakimpigia makofi na kumcheka. Kwa hiyo hata kisingizio cha kutojua hakuwa nacho.

Aliunakili wimbo nyuma ya daftari la mahudhurio. Shindano lilipotangazwa, akaupeleka. Usiku mmoja akiuandika kwa hati nzuri alifika kwenye ubeti wa tatu, akausoma, akaweka kalamu chini. Kisha akasaini jina lake chini ya ubeti wa pili.

Kwa miaka mingi alikuwa na maelezo. Kwamba nyimbo za shambani ni za wote. Kwamba yeye ndiye aliyeipanga mistari vizuri. Kwamba bila yeye wimbo ungekufa. Maelezo hayo aliyapitia tena siku ile, moja baada ya jingine, na kila moja lilifika kwenye ubeti wa tatu likasimama hapo.

Wimbo haukuwa umekufa. Ulikuwa ukiimbwa wiki iliyopita.

*

Asubuhi ya Jumapili alipanda gari la Handeni akashuka Sindeni. Alikuwa amevaa shati jeupe na viatu vya darasani, kwa kuwa hakuwa amefikiria mbali zaidi ya kufika. Mvua zilikuwa zimekata siku tatu, mahindi yalikuwa yamefika magotini, na magugu vilevile. Kundi la kulimiana lilikuwa shambani kwa Bi Swaumu, kama alivyoambiwa na mtu wa kwanza aliyemuuliza. Ijumaa walipumzika, Jumapili walilima.

Alimtambua kwa namna alivyoinama. Alikuwa amekonda, na kitambaa cha kichwani kilikuwa kingine, lakini jembe alilishika vilevile, mkono wa kushoto ukiwa karibu sana na chuma.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba." Hakusimama mara moja. Alimaliza shina alilokuwa nalo, akalikandamizia udongo, ndipo akanyooka na kumtazama. "Mwalimu Muhsin. Umenenepa."

"Ndiyo, mama."

"Mjini kuna chakula." Wanawake wawili wakacheka. "Umekuja kwa heri?"

"Nimekuja kwako." Alikuwa amepanga maneno yake garini, sentensi kwa sentensi, kama alivyowafundisha wanafunzi wake. Yote yakampotea. "Nimekuja kwa sababu ya wimbo. Ule wa mkonge."

"Ooh." Bi Swaumu akalikung'uta jembe udongo. "Wimbo wako."

"Si wangu, mama."

"Mjukuu wangu amekuja jana jioni analia. Kaniambia nisiimbe tena, wimbo una mwenyewe, mwenyewe amekasirika. Ananiuliza, bibi ulisikia redio gani? Nikamwambia redio ya humu ndani iliharibika yeye hajazaliwa." Alisema hivyo bila kupandisha sauti. "Leo tangu asubuhi tunapalilia kimya. Uliza hawa."

Muhsin akawatazama. Akaelewa kwa nini kazi ilikuwa inakwenda taratibu vile. Alikuwa amekuja akidhani aibu yake ina sehemu mbili, ya zamani na ya jana, kumbe ilikuwa na ya tatu, ya asubuhi hiyohiyo: wanawake saba wananyamaza kwa sababu yake kwenye shamba ulikotungwa wimbo.

"Ulikuwa unajua?" akauliza. "Kwamba uko kitabuni?"

"Rehani alikuja nacho, akiwa sekondari. Baba yake huyu Shamsia. Akasema, mama, wimbo wako huu hapa. Nikamwambia soma. Akasoma wa kwanza, akasoma wa pili, nikangoja. Akafunga kitabu. Nikamwambia geuza, utakuwa upande wa pili. Akageuza. Akasema, mama, umeishia hapo." Bi Swaumu akafuta paji la uso kwa nyuma ya mkono. "Nikafikiri labda karatasi iliwaishia."

Hapo hakucheka mtu.

Muhsin alitazama viatu vyake. "Karatasi haikuisha. Niliukata mimi. Nilijua desturi yenu, nilijua ubeti una jina lako, nikaukata ili wimbo uwe wangu. Na jana nimemwita mjukuu wako mwizi mbele ya watu, kwa kuandika wimbo wa bibi yake." Alitaka kuongeza kitu cha kupamba, akaona hakuna.

Mwanamke mrefu aliyekuwa mstari wa tatu, mwenye shanga shingoni na kanga iliyofungwa kiunoni, akaegemea mpini wake. Alikuwa Nailantei, yule Mmaasai wa kundi la zamani. Ng'ombe wa mumewe walikuwa upande wa nyika, na yeye alikuwa amezoea jembe kuliko wengi waliozaliwa nalo.

"Mwalimu wa redio," akasema. "Mimi nilisahau jina la mtu siku moja tu, kwenye harusi, tena nilikuwa na homa. Nikalimishwa ngwe mbili. Wewe umesahau miaka mingapi?"

"Ishirini na miwili."

"Basi shamba lote hili ni lako, na lile la jirani."

"Mpe na pori la mkuu wa kijiji," mwingine akadakia, na shamba likaangua kicheko. Muhsin naye alitaka kucheka, akaona hajapewa ruhusa hiyo.

Bi Swaumu alikuwa amekwisha kugeuka. Alitembea mpaka kwenye kichuguu kilichokuwa katikati ya shamba, akavunja kijiti, akakichoma ardhini. Akahesabu hatua kuelekea kwenye mihogo mpakani, akachoma kingine. "Kutoka hapa hadi kule. Mistari kumi na miwili. Na unaimba uliouacha. Nailantei, mwazime jembe."

"Leo nimevaa..." Muhsin akaanza.

"Tunaona ulichovaa."

Akavua viatu, akaviweka juu ya kichuguu, akakunja suruali. Alianza vibaya, akikata magugu juu juu, mpaka Nailantei akaja kumwonyesha namna ya kuingiza chuma chini ya mizizi. Kuimba kulikuwa kugumu zaidi. Alikuwa amesoma mashairi mbele ya mawaziri na sauti haikumtetemeka. Hapa, alipofika kwenye "sema Swaumu wa Sindeni," jina alilitamka ndani ya meno.

"Hatusikii!" wakapiga kelele.

Akarudia. Mara ya nne wakaanza kumwitikia, labda kwa kuchoka kumsubiri. Baada ya hapo kazi ya mistari yao ikaanza kwenda mbio.

Shamsia alikuja saa tano na ndoo ya maji kichwani. Alimwona mwalimu wake peku kati ya mahindi, shati limelowa mgongoni, akasimama. Muhsin akaweka jembe chini.

"Shamsia, jana nilikuita mwizi. Mwizi nilikuwa mimi. Wimbo ni wa bibi yako tangu siku ya kwanza, na wewe uliandika kama nilivyoagiza. Nisamehe."

Binti akatua ndoo. Alimtazama bibi yake, bibi akawa anatazama udongo. "Darasani utasema?"

"Nitasema. Jumamosi, kabla ya kitu kingine chochote."

"Jumamosi ni mbali, mwalimu." Aliongea taratibu lakini hakutazama pembeni. "Walinicheka jana. Ernesti ameandika kwenye grupu la darasa, jana hiyohiyo, nimtume bibi aje ahojiwe. Watu kumi wamecheka."

Muhsin alikuwa mtu wa kuandika barua mara tatu kabla ya kuituma. Alikuwa amewazia kukaa mezani jioni, kuyapima maneno, kuyafanya yawe ya kweli na bado yawe na heshima kidogo. Akaona heshima hiyo ingekuwa ya kwake peke yake. Akatoa simu mfukoni, akajifuta vidole, akabonyeza kurekodi.

"Habari zenu wote. Mimi ni mwalimu Muhsin. Niko Sindeni, shambani kwa Bi Swaumu, bibi yake Shamsia. Shairi la 'Ngwe' mnalolijua kwa jina langu ni wimbo wake. Yeye ndiye aliyelitunga, mimi nililichukua nikiwa kijana, nikalikata jina lake. Shamsia hakunakili. Sikupaswa kumfokea, na sikupaswa kuwaacha mcheke. Ubeti mnaoukosa ni huu." Akauimba wote, kwa sauti yake mbaya, na nyuma yake wanawake wakaitikia bila kuombwa. Akatuma kabla hajajisikiliza.

Alama za ujumbe zikageuka rangi moja moja. Wamesikia. Hakuna aliyejibu. Alisubiri, kisha akaona kwamba kusubiri nako ni kutaka kitu, akarudisha simu mfukoni na kushika jembe.

"Kijitabuni utaweka?" Shamsia akauliza.

"Ukikubali. Jina lako juu, kwa kuandika. Jina la bibi chini, kwa kutunga."

"La bibi ndani," akasahihisha. "Liko ndani ya wimbo. Ukiweka wote, halihitaji kuwekwa chini."

Alikuwa amewafundisha kwa miezi minane kwamba kila neno lina mahali pake, na hakuna aliyewahi kumjibu hivyo. Akatikisa kichwa kukubali, akainama.

Mchana walimpa ugali na mlenda, akala mwisho wa mkeka. Alasiri wanawake walimaliza vipande vyao, wakaanza kuosha majembe, mmoja mmoja akaaga. Yeye alikuwa mstari wa tano. Viganja vilikuwa vimepasuka malengelenge, na alikuwa ameukata mhindi mmoja kwa bahati mbaya akaufukia haraka, kisha akaufukua na kuulaza wazi juu ya udongo, uonekane.

Bi Swaumu akaja akausukuma kwa kidole cha mguu. "Huu?"

"Nimeukata mimi."

"Nimeona." Akatembea hadi mwanzo wa mistari, akaitazama yote kwa nyuma, kama fundi anavyotazama mshono. "Mitatu hii ya mwanzo utairudia. Umeyalaza magugu, hukuyatoa. Mvua ikinyesha yanasimama."

"Nitairudia, mama. Kesho..." Akakumbuka, akasita. "Kesho nina mwaliko Mpale. Shule wamenialika kuwasomea wanafunzi."

"Kuwasomea nini?"

Nailantei, aliyekuwa anafunga kanga yake tayari kuondoka, akalipuka kicheko akashika mpini wa jembe alilomwazima asianguke. Hata Shamsia aliziba mdomo kwa mkono.

"Nitawapigia leo," Muhsin akasema. "Siendi."

"Na sababu uwape," akasema Bi Swaumu.

"Nitawapa."

Alitamani kumuuliza kama amemsamehe. Neno lilifika mdomoni. Lakini alimwona akiinama, akiokota kijiti cha pembeni, akitembea nacho hadi mwisho wa mstari wa tano na kukichoma hapo, pale jembe lilipoishia, akikikandamizia udongo kwa kisigino mara mbili ili kisiondoke na upepo. Akaona swali lake halijafikia wakati wake.

"Saa kumi na mbili na nusu," Bi Swaumu akasema. "Kabla jua halijapanda. Uje na jembe lako, hili ni la mwenzio, ana kazi nalo. Na usije na hicho kishati."

Muhsin akachukua viatu vyake juu ya kichuguu. Nyuma yake mistari saba ilikuwa bado na magugu, na mitatu ilikuwa ya kurudia. Akaenda kutafuta mtu wa kumwazima jembe.